Kamera Nayo Ipige Hodi

Juzi baada ya sala ya Alasiri nilikuwa nimeketi barazani petu hapa Mji wa Kale, Mombasa, kikombe cha kahawa mkononi. Mwenzangu mmoja akaniuliza: "Maalim, wasema ulikuwa Kisii. Huko kuna nini zaidi ya ndizi na uchawi?" Watu wakacheka. Mimi nami, nisijitakase mbele yenu wasomaji, nilicheka nao. Lakini kahawa ilinipalia, maana nilikuwa nimetoka kukaa siku kumi na moja katika nyumba za watu hao, nimekula chakula chao na kulala chini ya mabati yao, na hakuna hata mmoja aliyeniuliza kama sisi watu wa pwani tuna kazi nyingine zaidi ya kulala na kufuga majini.

Sababu ya safari yangu ilikuwa hii. Yupo kijana mmoja mzaliwa wa Nyamira, zamani alikuwa akisoma hapa Mombasa akipanga jirani nasi, na mke wangu akimhesabu kama mwanawe. Kijana huyu sasa ni mpiga sinema, lakini si za masihara na mapenzi. Hupiga zile za mambo ya kweli ziitwazo dokumentari. Alikuwa akitengeneza moja juu ya kazi za kila siku na maisha ya nyumbani kwao: kuchuma chai, kuchonga mawe, kupika, kulea. Akanipigia simu: "Mzee, nataka Kiswahili chako. Niandikie maneno ya kusomwa juu ya picha." Akanitajia ujira, nao haukuwa haba. Nikasema Bismillahi, nikapanda basi.

Kutoka Nairobi njia hushuka bondeni, ikapita Narok na Bomet na Sotik, na unapofika Keroka unaona umeingia nchi nyingine. Hakuna pahali patupu. Kila kilima kimegawanywa vipande vipande kama mkeka wa ukili wa rangi: hapa chai, hapa mahindi, hapa migomba, na nyumba kila baada ya hatua chache. Hesabu ya watu ya mwaka 2019 ilipata watu 1,266,860 katika kaunti ya Kisii na 605,576 katika Nyamira, na kwa upande wa Kisii hiyo ni zaidi ya watu 900 kwa kila kilomita mraba. Shamba alilolima babu sasa limegawiwa wana na wajukuu, hata pengine mtu aweza kusimama mlangoni pake akatema mate yakaangukia mpaka wa nduguye. Sikwambii ugomvi unaoweza kuzaliwa katika ufinyu huo. Lakini nakwambia pia subira inayohitajika watu waishi hivyo kila siku bila kugombana, na subira hiyo haiandikwi magazetini.

Alfajiri ya siku ya pili, nimemaliza kusali, nikasikia mlango wa jikoni. Mama mwenye nyumba alikuwa amekwisha kuamka. Kabla jua halijachomoza alikuwa ndani ya chai, kikapu mgongoni, vidole vikikwanyua majani mawili na kichipukizi, majani mawili na kichipukizi, bila kuyatazama. Adhuhuri aliyabeba hadi kituo cha kununulia, akapanga foleni na wenziwe, akapimiwa, akarudi kupika. Fedha ya chai hulipwa kidogo kidogo kila mwezi kwa kilo, halafu bakshishi kubwa mara moja kwa mwaka. Katikati ya malipo na malipo mtu huishi kwa kukopa na kwa hesabu ya kichwani. Jioni mama yule alituwekea ugali wa wimbi na mboga ya chinsaga. Nilipoionja nikaruka: ilikuwa mgagani! Mboga yetu wenyewe, ile ile iliyokuwa ikipikwa na bibi yangu.

Nikazidi kushangaa mtoto mdogo alipokuja mbio akilia, "Baba! Baba!" akamkumbatia mamake. Nikadhani nimesikia vibaya. Kumbe kwa Ekegusii baba ndiye mama, na baba mzazi ni tata. Nilicheka peke yangu gizani. Miaka hamsini na kitu nimeishi nikiamini kwamba neno hilo halina mjadala.

Sasa nije kwenye jambo lenyewe. Mtu anapochukua kamera akaingia nayo jikoni kwa mtu, ameingia kwa haki gani? Sisi tuliosoma chuoni tumefundishwa tangu tukiwa wadogo, na aya yake imo katika Surat An-Nur, kwamba nyumba isiyo yako usiingie mpaka uombe ruhusa na uwasalimu wenyewe; na ukiambiwa rudi, urudi. Hodi ni tatu. Hizo ni adabu za miguu. Je, jicho halina adabu zake? Na kamera ni jicho lisilosahau, kisha hutoka nje likaenda kuwasimulia watu ambao mwenye nyumba hatawaona maisha yake yote.

Watu wa Kisii wana neno lao, ensoni. Nilipolisikia sikuhitaji mkalimani, maana wazee wetu wa pwani nao husema soni, yaani haya. Lakini ensoni ya Wakisii ina sheria zake. Mathalani, baba haingii ndani ya nyumba ya mwanawe aliyeoa. Mkwe na mkaza mwana wana mipaka yao ya kukaa na ya kusema. Yule kijana wetu, ingawa ni mzaliwa wa huko, alikuwa ameandikiwa na waliomdhamini kwamba wanataka sehemu moja ya "jamii nzima mezani": babu, wana, wakaza wana, wajukuu, wote sahani moja, wakicheka. Mzee mwenye boma alipoambiwa alinyamaza kitambo, kisha akasema kwa Kiswahili, nami nikiwapo: "Mwanangu, hiyo unayotaka si familia yangu. Hiyo ni familia ya televisheni."

Kijana alitahayari. Alilala nalo usiku ule, na asubuhi akampiga picha mzee akiwa nje chini ya mparachichi, sahani yake magotini, na sauti za wakaza wana zikisikika kutoka jikoni wakimpelekea mtoto na kikombe cha chai. Hakuna aliyemtazama mwenziwe usoni, na mapenzi yalikuwa yamejaa tele. Kwa maoni yangu hiyo ndiyo picha ya kweli ya jamii ile, na kama mzee asingekataa tusingeipata.

Wala si mara ya kwanza kwa jicho la mgeni kukutana na soni ya Wakisii. Mwanachuoni wa Kimarekani, Robert LeVine, alikaa huko kuanzia mwaka 1955 hadi 1957, na kitabu kilichotokana na kazi hiyo, kiitwacho Nyansongo, kikatoka mwaka 1966. Akarudi baina ya 1974 na 1976 pamoja na mkewe Sarah na madaktari wa watoto. Safari hii walikuja na vyombo vya kunasa picha. Waliwaomba akina mama wacheze na watoto wao wachanga uso kwa uso, wakazipiga picha zile na kuzilinganisha na za akina mama wa Boston. Mama wa Boston alimwongelesha mtoto na kumchekesha mpaka mtoto akapiga mayowe ya furaha. Mama wa Kisii, pale mtoto alipozidi kuchangamka, aligeuza uso akatazama kando.

Sasa fikiria picha ile ingetumwa peke yake, bila maelezo, kwenye sinema za Ulaya. Watu wangesema nini? Wangesema mama wa Kiafrika hana huruma. Lakini watafiti wale walikuwa wamekaa. Walikuwa wamemwona mama huyo huyo akimbeba mtoto mchana, akilala naye usiku, akimnyonyesha mara anapolia, asimwache alie peke yake chumbani kama ilivyokuwa desturi ya wengi huko kwao. Waliwaona pia omoreri, dada wadogo wanaowashika watoto mama akiwa shambani. Neno hilo nalo si geni kwetu, kwani ndilo mlezi. Wakaeleza katika kitabu chao cha mwaka 1994 kwamba kule mtoto mchanga hutulizwa, hachochewi. Picha ile ile moja, kwa mtu aliyepita ni ushahidi wa ukatili, na kwa mtu aliyekaa ni somo la malezi. Basi hoja yangu ya kwanza ni kwamba mpiga sinema ya mambo ya kweli lazima akae. Siku tatu hazitoshi. Hata wewe ukimwoza mtu binti yako kwa siku tatu za kumjua, majirani watakushangaa.

Hoja yangu ya pili ni juu ya sauti, na hapa nasema jambo linalonigusa mfukoni. Sinema za namna hii zina mazoea ya zamani: picha za watu wanyamavu wakilima, na juu yao sauti ya bwana mmoja asiyeonekana akieleza wanafanya nini na kwa nini wanakosea. Huko Vugiri, milimani Usambara, baina ya mwaka 1935 na 1937, Waingereza walifanya majaribio yao ya sinema za kuwaelimisha Waafrika. Watu wetu walionekana wakilima na kupimwa maradhi, na maneno yakasomwa juu yao kutoka sahani za santuri, Kiswahili kikiwamo. Nilipoketi na kalamu yangu kule Nyamira niliandika kurasa nne za Kiswahili safi, tamu, zenye vina mpaka visivyohitajika. Nikazisoma kwa sauti huku picha zikipita. Mama yule alikuwa pale akisikiliza. Nilipomaliza alisema kwa upole, "Ni maneno mazuri, mzee. Lakini mimi siku ile sikuwa nikifikiria hayo. Nilikuwa nikifikiria karo."

Wasomaji wapenzi, mshairi hupigwa na mambo mengi, lakini nadra kupigwa hivyo. Nikamwambia kijana: mwanangu, zitupe hizi kurasa. Mwache mama aseme mwenyewe kwa Ekegusii yake, na chini uandike tafsiri. Haya si mageni. David na Judith MacDougall walifanya hivyo Turkana katika miaka ya sabini. Katika sinema zao, kama The Wedding Camels ya mwaka 1977, Waturkana wanabishana juu ya mahari kwa lugha yao na mtazamaji husoma tafsiri. Ghafla mtu ambaye ungemwita mchunga ngamia tu unamsikia ni mjuzi wa hesabu, mwenye kejeli na hila kama wakili yeyote wa Mombasa.

Atasema mtu: je, bibi yangu asiyejua kusoma? Ni swali la haki, nami nalo lilinisumbua. Jawabu langu limo misikitini mwetu. Shehe mgeni akija kutoa darsa kwa Kiarabu, mfasiri huketi ubavuni pake, akangoja amalize, kisha akasema alilosema shehe, bila kuzidisha wala kupunguza. Akizidisha, wazee humkohoa. Isomwe basi tafsiri ya mama, kwa sauti ya mwanamke mwenziwe, nyuma ya sauti yake mwenyewe. Ndiyo kazi niliyobaki nayo mwishowe, kufasiri, na ujira wake ulikuwa nusu ya ule wa kwanza. Alhamdulillahi, ni halali zaidi.

Tena tusisahau kwamba hata picha yenyewe huweza kusema uwongo. Sinema mashuhuri ya Robert Flaherty ya mwaka 1922, Nanook of the North, iliyowaonyesha Wainuit wa Kanada, sehemu zake za ndani zilipigwa katika nyumba ya barafu iliyojengwa kwa makusudi ikiwa wazi upande mmoja, ili mwanga wa jua uingie. Hata jina Nanook halikuwa jina la mtu yule. Aliitwa Allakariallak. Dunia nzima ililia na kucheka na jamii iliyopangwa na mpiga picha. Na ile "jamii nzima mezani" iliyotakwa Nyamira, ni nini kama si nyumba ya barafu yenye upande mmoja wazi?

Nitaulizwa: kama hatari ni nyingi hivi, na sisi ni watu wa sitara, kwa nini tusizifungie kamera mlango kabisa? Wapo masheikh wasiopenda picha kwa asili yake, na wapo wanaoruhusu. Mimi si mufti, siingii humo. Nasema tu nionavyo. Oktoba 2021, huko Marani katika Kisii, wanawake wanne wakongwe waliuawa na kundi la watu kwa tuhuma za uchawi. Kamera zilikwenda siku hiyo, na lazima ziende, kwani dhulma ikifichwa huzaa. Lakini zilipoondoka, mimi sikuona iliyorudi kuonyesha ajuza wa Kisii siku ya kawaida, akiwalea wajukuu watano ilhali wazazi wao wako Nairobi, akipepeta wimbi, akimhesabia mjukuu ada ya shule. Mtu asiyeonekana ila siku ya kuuawa kwake, ni rahisi kumwua tena. Na mtu anayejulikana kwa ndizi na uchawi, ni rahisi kumcheka barazani.

Sisi ndio tungepaswa kulijua hili zaidi. Wageni wametupiga picha miaka na miaka: mlango wa nakshi, punda wa Lamu, mwanamke wa buibui kwa nyuma, dau machweo. Ni nani kati yao aliyeuliza bei ya nguru, au mvuvi hurudi na nini pepo zikichafuka? Na uchawi tunaowachekea wenzetu uko mlangoni petu. Tazama sinema iitwayo The Letter ya mwaka 2019, ya Maia Lekow na Christopher King, juu ya kijana anayetoka Mombasa kwenda kwao Kilifi baada ya kusikia kwamba nyanyake, mwenye miaka 95, anatuhumiwa uchawi na jamaa zake mwenyewe. Imepigwa kwa subira, bila mayowe, na ukiitazama huwezi kusema tena kwamba hayo ni mambo ya bara. Ndani yake mna wana wanaogombea ardhi na mama mzee anayelima. Hiyo ndiyo faida ya kamera iliyobisha hodi.

Ipo hata njia bora zaidi, ya mwenye nyumba kushika kamera mwenyewe. Mkulima wa Kitui, Kisilu Musya, aliipiga jamii yake na mashamba yake kwa miaka, mvua ikija na ikikosa, akishirikiana na Julia Dahr wa Norway, na sinema yao, Thank You for the Rain, ikatoka mwaka 2017. Huko Tabaka, wanaume wanakochimba na kuchonga lile jiwe laini na wanawake wakalisugua majini mpaka ling'ae, nilimwona binti akimpiga mamake picha kwa simu, mikono yote miwili ya mama imejaa unga mweupe wa jiwe. Dunia inalijua jiwe hilo. Ndege aliyechongwa na Elkana Ong'esa wa Tabaka amesimama makao ya UNESCO mjini Paris. Mikono inayosugua haijulikani. Yule binti alikuwa akiijulisha, na wala hakungoja kufundishwa.

Nimalizie na jambo la usiku wa mwisho. Kijana wetu alitundika shuka ukutani, akawaonyesha wenyewe picha zao kabla hajazipeleka popote. Watoto walipiga kelele kila walipojiona. Mama yule alitazama mpaka mwisho, kisha akaomba jambo moja. Palikuwa na sehemu ambayo alihesabu fedha za chai mezani kwa taa, noti kwa noti, akitenga za deni, za karo, za dawa, na zilipobaki tatu akazitazama kitambo, akazirudisha kwenye fungu la deni. Alisema, "Hiyo itoe. Anaodaiwa na mimi na wanaonidai wote wataiona."

Ilikuwa sehemu nzuri kupita zote. Mimi, mtu mzima na kanzu yangu, nilitaka kumsihi aiache. Kijana alikuwa na haki zote za karatasi. Kibali anacho kama itakavyo Sheria ya Filamu na Michezo ya Jukwaani, Sura ya 222, na mama alikwisha kutia sahihi. Lakini aliinamisha kichwa akasema, "Sawa, baba," yaani mama, na akaikata mbele yake. Sinema ile imepungukiwa, sitaki kuwadanganya. Watazamaji hawatajua kamwe walichokosa. Lakini mama yule anaweza kwenda sokoni Jumatatu bila kuinamisha uso, na kijana anaweza kurudi kwake mwaka ujao akafunguliwa mlango. Nikiwekewa mizani, najua upande gani mzito.

Usiku ule nilimwandikia kijana ubeti mmoja badala ya zile kurasa nne:

Piga hodi mlangoni, uitikwe uingie,
Na ukishafika ndani, keti chini usikie,
Penye pazia na soni, mkono usifikie,
Picha ikenda mjini, mwenye nyumba aridhie.

Hayo nikawaeleza wenzangu barazani, kahawa imepoa. Yule aliyeuliza alinyamaza, akasema, "Basi sinema hiyo ikitoka, tuletee tuitazame." Nikamwambia Insha Allah italetwa. Akafikiri tena kidogo, akauliza, "Na ule mgagani, wanautia nazi?" Nikamjibu la, wanautia maziwa. Akatikisa kichwa kwa masikitiko, kisha akaniambia nimweleze unavyopikwa.